Maisha ya Lord Cardigan, Aliyenunua Cheo



Mwaka huu yamesemwa mengi vikaoni juu ya nani astahili kuongoza, na kama mwenye mali atangulizwe. Tumeona vema kuwaeleza habari za kabaila mmoja wa Kiingereza, James Brudenell, aliyezaliwa mwaka 1797, akarithi jina la Earl wa Cardigan mwaka 1837. Wengi wetu tumelivaa jina hilo asubuhi za baridi, maana ile sweta ya vifungo mbele imeitwa kwa jina lake.

Zamani zile katika jeshi la Uingereza vyeo vingi vya maofisa vilinunuliwa kwa fedha, kama mtu anunuavyo shamba. Brudenell aliingia jeshi la wapanda farasi mwaka 1824. Kufika mwaka 1830 alikwisha kuwa luteni kanali, wala hajapigana vita yo yote. Mwaka 1832 akapewa kikosi. Akamshtaki ofisa wake, Kapteni Wathen, lakini mahakama ya kijeshi ikamwona Kapteni hana hatia, na mwaka 1834 Brudenell mwenyewe akaondolewa. Miaka 2 baadaye akapata kikosi kingine, cha 11, kwa fedha na kwa kujuana na wakubwa.

Humo aliwadharau maofisa waliotumika miaka mingi Bara Hindi. Hao waliijua kazi, ila hawakuwa na mali. Mmoja wao, Kapteni Reynolds, alimkamatisha kwa sababu ya chupa nyeusi ya mvinyo mezani, ambayo Bwana mkubwa aliidhania pombe ya watu wa chini. Mwaka huo huo wa 1840 alipigana kwa bastola na Kapteni Tuckett, akamjeruhi. Alihukumiwa na makabaila wenzake mwaka 1841, akaachiliwa kwa kuwa mashtaka yalitaja majina yote ya Tuckett, na haikuthibitishwa kwamba ndiye yule yule aliyepigwa risasi! Sisi tushikao kalamu twajua uzito wa jina, lakini hili lilituchekesha.

Tarehe 25 Oktoba 1854, huko Balaclava katika Krimea, amri iliandikwa na Jemadari Mkuu, Lord Raglan, aliyekuwa juu kilimani. Alitaka Warusi wazuiwe wasichukue mizinga waliyoiteka. Lakini amri haikusema mizinga ipi, na Lord Lucan aliyeipokea bondeni hakuweza kuiona. Lucan huyo alikuwa shemeji yake Cardigan, na walichukiana tangu zamani. Cardigan alikumbusha kwamba kuna mizinga mbele na pande zote mbili. Akajibiwa kwamba ndiyo amri. Hawakukaa kuulizana zaidi.

Haki yake tumpe: alitangulia mbele ya watu wake, asigeuke nyuma, akafika kwenye mizinga. Kisha akarudi peke yake, akiwaacha wangali wanapigana. Wapanda farasi wapata 670 waliingia bonde lile. Waliokufa walizidi 100, na farasi zaidi ya 300 wakapotea, yote kwa muda wa dakika 20 hivi. Cardigan hakuwa akilala kambini pamoja nao. Alikuwa na chombo chake cha anasa bandarini.

Aliporudi Uingereza alishangiliwa kama shujaa. Alifariki mwaka 1868 baada ya kuanguka kutoka juu ya farasi. Ununuzi wa vyeo ulifutwa mwaka 1871, na maofisa waliokuwa wamelipa wakarudishiwa fedha zao na serikali.