Mama Aliyejifungua na Huzuni Isiyoondoka

 Leo tuweke malaria na kuhara kando kidogo, tuzungumze juu ya ugonjwa usioonekana kwa kupima damu. Kitaalamu huitwa mfadhaiko. Hapa kwetu Kakamega utasikia tu watu wakisema, “Huyo anafikiria sana.”

Tuseme kuna mama kijijini kwenu aliyejifungua miezi miwili iliyopita. Mtoto ni mzima, na majirani wameleta kuku na uji wa wimbi. Lakini mama mwenyewe hali. Mtoto akilia, anamtazama tu. Usiku mtoto analala, yeye yuko macho mpaka jogoo awike. Mama mkwe anasema ni uvivu. Jirani ananong’ona kwamba amerogwa.

Huyo si mvivu, wala hajarogwa. Ni mgonjwa.

Sikilizeni tofauti hii vizuri. Siku chache baada ya kujifungua, wanawake wengi hulia bila sababu na kukasirika upesi. Hiyo ni kawaida, na huisha yenyewe katika muda wa wiki mbili hivi. Wiki mbili zikipita na huzuni ipo karibu kila siku, hafurahii chochote, anajilaumu na hana nguvu, basi yafaa apimwe mfadhaiko. Unaweza pia kuanza mimba ikiwa bado tumboni.

Msidhani ni ugonjwa wa Wazungu. Shirika la Afya Duniani lilikadiria kwamba mwaka 2019 watu wapatao milioni 280 ulimwenguni walikuwa nao. Kati ya wajawazito na waliojifungua karibuni, zaidi ya 10 katika kila 100 huupata.

Majirani zetu wa Uganda walijaribu jambo mwaka 2002 katika vijiji vya Rakai na Masaka. Watu wenye mfadhaiko walikutana kwa vikundi mara moja kwa wiki, kwa wiki 16, wakiongozwa na wenyeji waliofunzwa. Walizungumza juu ya misiba, ugomvi wa nyumbani na upweke. Mwishowe, waliobaki na ugonjwa walikuwa kama 7 katika kila 100. Katika vijiji ambavyo havikuwa na vikundi hivyo, walikuwa kama 55. Nami najiuliza, vyama vyetu hivi vya kuchangishana pesa haviwezi kujifunza kitu hapo? Sharti moja tu: yaliyosemwa yabaki humo humo. Umbea umevunja vyama vingi.

Unapompeleka mtoto chanjo ya wiki 6, ya 10 na ya 14, mwambie muuguzi habari zako pia. Usingoje akuulize. Dawa za kumeza zipo, lakini huchukua wiki kadhaa kabla ya kuleta nafuu, na daktari anaweza kuchagua inayomruhusu mama kuendelea kunyonyesha. Usiziache ghafla kwa sababu umepata nafuu.

Na wewe kukhu, mchukue mtoto usiku mmoja, mama yake alale. Usimwambie “sisi tulizaa kumi na hatukulalamika.” Hata baba aweza kuchota maji, hatapungukiwa na kitu.

Sasa hatari. Mama akisikia sauti ambazo wengine hawazisikii, au akisema anataka kufa au kumdhuru mtoto, asiachwe peke yake hata dakika moja. Apelekwe hospitali siku hiyo hiyo, hata kama ni usiku. Familia nyingine humficha aliyejaribu kujiua kwa kuogopa polisi. Mnamo Januari 2025, Mahakama Kuu ya Kenya iliamua kwamba kifungu cha 226 cha sheria za adhabu, kilichofanya jambo hilo kuwa kosa, kinakwenda kinyume cha Katiba. Mgonjwa ni wa daktari. Mwelezeni daktari kila kitu, hata yale mnayoyaonea aibu.

Wiki ijayo, wakati kama huu, tutazungumza juu ya kumwanzishia mtoto chakula akifikisha miezi 6.