Kukubali kwa Hofu Si Kukubali

(Hotuba iliyotolewa katika mkutano wa mwaka wa wanafunzi wa zamani)



Kwanza natoa shukrani kwa kualikwa kusema katika bwalo hili, ambamo zamani nilisimama kwa sababu moja tu, nayo ni kupanga foleni ya ugali na maharage. Nimeombwa niseme machache juu ya miiko ya kazi. Mimi ni mtumishi wa serikali, na sehemu kubwa ya kazi yangu imekuwa kuwauliza watu habari za maisha yao. Kwa hiyo nitasema juu ya mwiko mmoja: anayeulizwa lazima awe na uwezo wa kukataa.

Mwaka 1961, katika Chuo Kikuu cha Yale huko Marekani, mwanasaikolojia Stanley Milgram alianza majaribio ambayo yamekuwa mashuhuri. Aliwaita watu wa kawaida kwa malipo kidogo, akawaambia kwamba anachunguza kumbukumbu na kujifunza. Kila mmoja aliwekwa mbele ya mashine, akaamriwa kumpiga mwenzake umeme kila alipokosea jibu, kuanzia volti 15 hadi 450. Kwa kweli umeme haukuwapo, na aliyepigwa alikuwa akiigiza tu. Mtoa amri alivaa koti la kijivu la maabara. Hakuwa na bunduki wala rungu. Alisisitiza tu kwamba kazi iendelee. Katika taarifa ya kwanza, iliyotolewa mwaka 1963, watu 26 kati ya 40 walifika volti 450. Wengi walitoka jasho na kutetemeka, lakini hawakuacha.

Mwaka uliofuata, mwanasaikolojia Diana Baumrind alimkosoa Milgram kwa kuwadanganya watu waliomwamini na kuwatia katika fadhaa. Aibu kubwa zaidi ilifichuka mwaka 1972, ilipojulikana kwamba huko Tuskegee, tangu 1932, wanaume weusi wenye kaswende walichunguzwa miaka 40 bila kuambiwa ukweli wala kutibiwa. Ndipo mwaka 1979 ikatoka Taarifa ya Belmont, yenye misingi mitatu: kumheshimu mtu, kumtendea mema bila kumdhuru, na kutenda haki.

Mtauliza, hayo ya Marekani yanatuhusu nini sisi?

Ndugu zangu, mimi nimelivaa koti lile la kijivu. Mwaka 2009, nikiwa kijana mgeni kazini, nilitumwa kijijini na madodoso juu ya mapato ya kaya. Mtendaji wa kijiji aliniitia watu, kisha akaketi kando yangu. Mama mmoja akaniuliza: "Mwanangu, nikikataa kujibu, vocha ya mbolea nitapata?" Nilicheka, nikamwambia, "Jibu tu, mama, hakuna neno." Swali lake sikulijibu, yeye akayajibu yangu yote. Alisema kwamba huuza madebe mawili matatu ya mahindi bila mumewe kujua, akaweka akiba ya ada ya watoto.

Jioni ile habari ilikwisha kumfikia mume. Siku ya tatu nilipita pale, nikakuta mlango umefungwa. Jirani akaniambia mama amerudi kwa kaka zake. Dodoso langu lilikuwa limejazwa vizuri, nami nilisifiwa ofisini. Hakuna aliyeniuliza habari za mama yule, nami sikumwambia mtu mpaka leo.

Nilikuwa na kibali, nilikuwa na barua yenye mhuri. Hapa kwetu Tume ya Sayansi na Teknolojia, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 1986, hutoa vibali vya utafiti, na ni jambo jema. Lakini kibali humruhusu mtafiti kuuliza; hakimlazimishi mwananchi kujibu. Ridhaa ni mali ya mwenyewe.

Basi nawaachia mambo matatu, hasa ninyi vijana mnaosomea shahada. Kwanza, kabla ya swali la kwanza, jitambulishe na ueleze majibu yatatumika kwa kazi gani. Pili, mwambie mtu kwamba akikataa hapotezi kitu, kisha ulifanye neno hilo kuwa kweli: mwombe mtendaji akae mbali, asikokusikia. Tatu, jina la mtu lisikae pamoja na siri yake, iwe kwenye karatasi au kwenye simu.

Wazee walisema, mgeni njoo, mwenyeji apone. Mtafiti naye ni mgeni. Akiondoka huku mwenyeji amevunjikiwa na nyumba, huo si utafiti, hata hesabu zake zikiwa sahihi zote.

Shule hii ilitufundisha kujibu maswali. Leo wengi wetu ndio tunaouliza. Tuulize kwa adabu.