Mto Msimbazi na Kitoweo Chetu



Leo nataka tusemezane juu ya ghuba ya Msimbazi, hapa Dar es Salaam, pale mto unapoingia baharini karibu na Daraja la Selander.

Pale pana mikoko, na mmojawapo ni mchu. Mizizi yake huchomoza juu ya tope kama vidole, kwani tope halina hewa na mti hupumua kwa mizizi hiyo. Maji yakijaa, kamba wachanga na vifaranga vya samaki hujificha humo wasiliwe. Wakikua, ndipo huenda kwenye maji makuu na kumfikia mvuvi.

Mto huu hushuka kutoka vilima vya Pugu na Kisarawe, hupita Vingunguti na Jangwani. Mtu wa huko hutupa taka mtoni akisema, "Mimi siko pwani." Lakini taka hizo huteremka, huvifunika vile vidole, na mchu hufa kwa kukosa pumzi. Tope lisiloshikwa na mizizi huchukuliwa na maji. Likiyafikia matumbawe huyanyima mwanga.

Mwaka 1975 Serikali ilivifanya visiwa vya Mbudya na Bongoyo kuwa hifadhi. Mwaka 2019 ikapiga marufuku mifuko ya plastiki. Hayo ni mema, lakini askari hawezi kusimama kwenye kila ukingo wa mto. Kazi iliyobaki ni yetu, mtaa kwa mtaa.

Ndugu zangu, atupaye taka Vingunguti hupunguza samaki sokoni Feri. Na jioni, yeye naye hutaka kitoweo.