Badala ya Pembe ya Ndovu

Jioni hii twapenda kuwasimulieni asili ya plastiki, nayo yaanza na pembe ya ndovu.

Katika karne ya 19 wapagazi, wengi wao Wanyamwezi, walichukua pembe mabegani toka Ujiji na Tabora hata Bagamoyo, wengine hawakufika. Pembe zikavushwa Unguja, na nyingi zikapakiwa merikebuni kwenda Marekani. Huko zilifanywa vitana, vibao vya piano vibonyezwavyo kwa vidole, na mipira ya mchezo wa biliadi. Mpira huo lazima uchongwe katikati kabisa ya pembe, usije ukaenda mrama, basi pembe moja hutoa mipira michache tu. Mwaka 1863 wauza meza za biliadi wa New York wakatangaza zawadi ya dola 10,000 kwa atakayevumbua kitu cha kushika mahali pa pembe.

John Wesley Hyatt, mpiga chapa wa Albany, akajaribu. Alichukua pamba iliyotiwa tindikali, akaichanganya na kafuri, hiyo hiyo itiwayo katika sanda huku kwetu pwani, akaikandamiza kwa moto. Mwaka 1870 akapewa hati ya uvumbuzi. Kitu hicho kikaitwa seluloidi. Lakini pamba ya namna ile ni ndugu ya baruti! Hyatt mwenyewe alisimulia kwamba mipira yake ya kwanza, ikigongana kwa nguvu, pengine ililia kama bunduki.

Wauzaji walisema ndovu sasa atapumzika. Hakupumzika. Vitana vya seluloidi vilienea hata kwa watu wa kipato kidogo, bali wapiga piano na wacheza biliadi waliendelea kutaka pembe.

Mwaka 1907 Leo Baekeland, mzaliwa wa Ubelgiji aliyehamia Marekani, alikuwa akitafuta badala ya shelaki, utomvu wa wadudu wa Bara Hindi uliozuia umeme usitoroke katika nyaya. Alichanganya fomaldehidi na fenoli, itokayo katika lami ya makaa ya mawe, akavitia katika chungu cha chuma chenye moto na shindikizo kuu. Kikatoka kitu kigumu ambacho kikishaiva hakiyeyuki tena, ndicho Bakelite. Simu na masanduku mengi ya redio ya miaka ya 1930 yalifinyangwa kwacho, na mipira ya biliadi hata leo hufanywa kwa utomvu wa fenoli wa namna hiyo. Vibao vya piano ndivyo vilivyochelewa: huko Connecticut pembe zilikatwa hata miaka ya 1950.