Wafini wa Kibaha na lugha ya darasani



Juma lililopita nilikuwa Visiga, pale kwenye barabara ya Morogoro ukishaiacha Kibaha na kabla hujafika Mlandizi. Nilikwenda kumzika jamaa yangu. Baada ya mazishi tulikaa mkekani tukazungumza, na mzee mmoja Mkwere akakumbuka Wazungu wa Kibaha wa zamani. Akaniuliza: "Mwanangu, wale walitoka nchi nne. Wao kwa wao walikuwa wakisikilizanaje?"

Kwa wasiojua, mwaka 1963 nchi za Denmaki, Norwe, Uswidi na Ufini zilishirikiana na serikali ya Tanganyika kuanzisha mradi wa Kibaha: shule ya sekondari, kituo cha afya na mafunzo ya wakulima. Mwaka 1970 mradi ukakabidhiwa kwetu, na ndilo Shirika la Elimu Kibaha la leo.

Nikamjibu mzee kwamba watatu kati ya hao wanne hawana taabu kubwa. Mdenmaki, Mnorwe na Mswidi wanaweza kukaa meza moja, kila mmoja akasema lugha yake, na mazungumzo yakaenda. Maji kwa Mdenmaki ni vand, kwa Mnorwe vann, kwa Mswidi vatten. Kitabu ni bog kwa wa kwanza, na bok kwa wawili waliobaki. Vichekesho havikosekani. Neno rolig kwa Mswidi ni jambo la kufurahisha, kwa wenzake ni utulivu. Basi Mswidi akisifu sherehe kuwa ilikuwa rolig, Mdenmaki anadhani watu walisinzia.

Mzee akacheka. "Kumbe ni kama sisi na Wazaramo!"

Ndiyo hivyo hasa. Kikwere, Kizaramo, Kidoe, Kikami na Kikutu ni lugha za ukoo mmoja zinazopakana. Tofauti ni kwamba zile tatu za Ulaya kila moja ina serikali yake, magazeti yake na shule zake.

Aliyebaki nje ni Mfini. Kwake maji ni vesi, kitabu ni kirja. Kifini ni ndugu wa Kiestonia. Umbali wake na Kiswidi ni kama wa Kikwere na Kimasai. Hata hivyo Mfini aliyesoma sekondari huwa amefundishwa Kiswidi, na hapo ndipo penye hadithi niliyotaka kuwasimulia leo.

Ufini ilitawaliwa na Uswidi kwa karne nyingi, hadi mwaka 1809 ilipotwaliwa na Urusi. Waswidi wakaondoka, lugha yao ikabaki. Mahakamani Kiswidi, ofisini Kiswidi, chuo kikuu Kiswidi. Wananchi walio wengi walisema Kifini, lakini hiyo ilikuwa lugha ya shambani na ya kanisani. Mkulima aliweza kushitakiwa na kuhukumiwa kwa maandishi asiyoweza kuyasoma. Na wasomi hawakukosa sababu: Kifini hakina maneno ya sayansi, kitawafungia watoto mlango wa dunia. Nadhani wengine mmekwisha kuyasikia maneno haya mahali fulani.

Mwaka 1858 ikafunguliwa katika mji wa Jyväskylä sekondari ya kwanza iliyofundisha kwa Kifini. Mwaka 1863 Mfalme wa Urusi, Alexander wa Pili, akatoa amri kwamba katika muda wa miaka 20 Kifini kiwe sawa na Kiswidi maofisini na mahakamani. Aliyeshikilia sana jambo hilo ni mwanafalsafa Snellman, ambaye lugha yake mwenyewe ilikuwa Kiswidi! Na maneno yaliyosemekana hayapo yakatungwa. Umeme wakauita sähkö, neno ambalo kabla ya karne ile halikuwapo. Sisi tuliuchukua umeme wetu mawinguni, na bili inakuja vile vile.

Wala Kiswidi hawakukitupa. Leo wenye lugha hiyo ni kama watu watano tu katika kila 100, lakini wana shule zao, na hata chuo kikuu chao cha Åbo Akademi kilichoanzishwa mwaka 1918. Kiingereza nacho kinasomwa, tena vizuri, kama somo.

Sasa fanyeni hesabu. Toka 1863 hadi 1963 ni miaka 100 kamili. Watu ambao lugha yao iliambiwa haifai darasani walikuja Kibaha kutusaidia kujenga sekondari, na sekondari zetu zikafundisha kwa Kiingereza. Mwaka 1982 Tume ya Makweta ilipendekeza Kiswahili kianze kufundishia sekondari ifikapo 1985. Haikuwa. Mwaka 1990 Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ikachapisha kamusi ya biolojia, fizikia na kemia, kwa hiyo kisingizio cha maneno nacho kilipungua. Hadi leo mtoto akivuka darasa la saba anavuka na lugha pia.

Pale pale msibani alikuwapo mjukuu wa mzee, kidato cha pili. Nikamwomba anieleze somo lake la biolojia. Akasimama wima akatiririsha kwa Kiingereza jinsi mmea unavyojitengenezea chakula, bila kukosea hata neno. Nikamuuliza maana yake. Kimya. Nikamuuliza kwa Kiswahili, jani linafanya nini na jua? Hapo akaeleza mwenyewe, mwanga, maji, hewa, mpaka akachora kwa kijiti mchangani.

Nikamgeukia mzee nikidhani nimemaliza maneno. Yeye alikuwa anamtazama mjukuu. "Huyu," akasema, "Kikwere hajui hata cha kuombea maji. Nyinyi wa redio mnakitetea Kiswahili, sawa. Cha kwetu kilifukuzwa shuleni na nani?"

Sikuwa na jibu, na basi la kurudia mjini lilikuwa limekwisha piga honi.