Rekodi za Mstaafu, Saini ya Nani?

Hadi mwishoni mwa 2019, mwanajeshi mstaafu wa Marekani alitia saini kwanza ndipo idara ya wanajeshi wa zamani, VA, iwafungulie madaktari wa nje rekodi zake za afya kwa mtandao. Januari 2020, kufuatia sheria ya MISSION ya 2018, utaratibu ukageuzwa: asiyetaka ndiye ajaze fomu, namba 10-10164. Faida ipo, daktari wa dharura huona upesi dawa unazotumia na zinazokudhuru. Lakini faili hilohilo huweza kubeba kiwewe cha vita, ulevi, hata virusi vya Ukimwi. Mzee asiyejua kwamba fomu ipo amekubali nini hasa? Mimi ningerudisha saini. Aliyejitoa, kwa bahati, anaruhusiwa kurejea, kwa fomu nyingine tena.