Kazi Isiyo na Sura
(Maandishi ya mhadhara kwa vijana, Sachangwan)

  

Nimeombwa niseme juu ya riziki ya kijana mwenye kompyuta. Nitaanza na filamu. Mwaka 2024 ilitoka filamu ya matukio ya kweli iitwayo The Shadow Scholars, ya Eloise King. Ndani yake Patricia Kingori, profesa wa Oxford aliyezaliwa hapa Kenya, anakutana na vijana wetu wanaowaandikia wanafunzi wa ng'ambo insha kwa malipo. Mwenye kununua anatia jina lake, anapata digrii. Aliyekesha hajulikani.

Wakionyeshwa nyuso, kitumbua chao kinaingia mchanga. Basi watengenezaji waliwavisha sura za bandia kwa kompyuta. Walifanya vyema, dini yetu nayo inatuamrisha kusitiriana.

Sisi wa huku tunaijua lumbesa. Mkulima anajaza gunia la viazi mpaka linaota kichwa, halafu analipwa gunia moja tu. Suratul Mutaffifin inawaonya wapunjaji kama hao. Katika insha lumbesa ni ile ile: dalali wa mtandaoni anameza sehemu nono, mwandishi anaokota makombo. Kijana huyo amedhulumiwa, sibishi. Lakini pia anauza uongo. Je, wewe utakubali mama yako adungwe sindano na muuguzi aliyeandikiwa mitihani yake? Uingereza, kwa sheria ya mwaka 2022, imeifanya biashara hiyo kuwa kosa.

Msidhani kila kazi iliyofichwa ni ya namna hiyo. Pale Nairobi, vijana walioajiriwa na kampuni ya Sama walikuwa wakichuja picha za mauaji na ukatili ili wewe usizione Facebook. Februari 2022 jarida la Time liliandika kwamba wengine walilipwa kama dola 1.50 kwa saa. Hawa hawakumdanganya mtu; waliofaidika ndio waliowaficha. Daniel Motaung, Mwafrika Kusini aliyefanya kazi hiyo, alijitokeza kwa jina lake na sura yake, na Mei 2022 akazishtaki Sama na Meta, wenye Facebook, katika mahakama ya Nairobi. Mwaka uliofuata wafanyakazi zaidi ya 150 walikutana Nairobi, wakapiga kura kuunda chama chao.

Hadithi ya jasho la mfanyakazi mnaijua tangu madrasa. Inamhusu huyu wa kompyuta kama inavyomhusu mpakia viazi.

Vijana wenye simu za kamera, rekodini kazi za watu wetu. Ombeni idhini kwanza, na akisema funika uso wangu, funikeni. Na kama yupo hapa anayeandika insha hizo, tuonane baada ya tarawehe. Simu nitaiacha nyumbani.

Wabillahi tawfiq. Wassalaam alaikum.